Nguchiro Kwenye Sinia la Wakubwa

Hapo zamani za kale, wanangu, zamani zile tembo walipovaa majoho na kobe walipokuwa makatibu, wanyama walikuwa na chuo kikuu chao. Wanafunzi wa chuo hicho walikuwa na desturi: kila mwaka humchagua mmoja wao aache masomo mwaka mzima, apewe ofisi na posho, na kazi yake iwe moja tu, kuwasemea wenzake mbele ya wakubwa.

Mwaka mmoja walimchagua Fisi. Loo, msinikumbushe! Fisi aliingia kwenye baraza la chuo, akakuta pilau. Akala, akala, akalala fofofo. Mkuu wa Chuo, Profesa Tembo, akauliza, "Chakula cha wanafunzi kipunguzwe. Kuna anayepinga?"

"Khoroooo!" akajibu Fisi.

"Hakuna anayepinga. Imepita!"

Sheria ya baraza ilikuwa hivi: aliyenyamaza amekubali. Na kukoroma, wanangu, hakukuhesabiwa kuwa ni kusema.

Mwaka uliofuata wakamchagua Nguchiro, mdogo, mwembamba, macho hayatulii. Mama yake akalia, "Mwanangu, nilikutuma ukasome, wewe unakwenda kukaa ofisini!"

"Mama, nikikosa pa kulala nitasomea wapi?"

Maana bweni la wanyama wadogo lilikuwa hatarini. Bwana Kiboko, msimamizi wa majengo, alitaka livunjwe, pachimbwe bwawa lake la matope. Panya, kindi na pimbi wangelala nje, na mvua za masika zilikuwa njiani.

Siku ya baraza masinia yakaingia: pilau, maboga ya nazi, ndizi za kukaanga. Kiboko akamnong'oneza Tembo, "Mshibishe kwanza. Hoja tutaileta akishasinzia."

"Karibu, kijana! Kula, kula!" akasema Tembo.

Nguchiro akapiga magoti. "Shikamoo, Profesa. Shikamoo, Bwana Kiboko. Mimi nile kabla ya wazee? Kwetu mdogo hagusi sinia mpaka wakubwa washibe. Mama akisikia atanichapa!"

"Huyu kalelewa," akasema Tembo, amefurahi kweli. Akafuta sinia zima. Chwa! chwa! chwa! "Haya, nimeshiba. Kula sasa."

"Profesa, mwili wote huo ushibe kwa sinia moja? Unanionea haya tu. Nitasubiri."

Tembo akafuta la pili. Kiboko naye akamimina la tatu kooni. Gubu! gubu!

"Kula, wewe!" akafoka.

"Nitakula, baba. Ila naona Profesa amekushinda kwa boga moja."

"Anishinde nani? Lete hilo boga!"

Gubu! Tembo naye hakukubali, akavuta jingine. Viti vikalia kwi! kwi! Mkanda wa Kiboko ukakatika, pa! Macho yakawa mazito. Kichwa cha Tembo kikashuka polepole mpaka mkonga ukalala ndani ya bakuli la kachumbari.

"Khoroooo!"

"Fyuuuu!"

Aliyebaki macho ni Kobe, katibu wa baraza, ambaye bado alikuwa anatafuna kijiko chake cha kwanza.

Nguchiro akapanda juu ya kiti. Wanangu, siwafichi. Angeamka mmoja tu, yangekwisha yote. "Ndugu Katibu, nina hoja. Bweni la wadogo lisivunjwe kamwe, na paa lake lizibwe kabla ya mvua. Kuna anayepinga?"

"Khoroooo!" akasema Tembo.

"Fyuuuu!" akasema Kiboko.

Kobe akatazama kulia. Akatazama kushoto. Akameza. "Sijasikia neno," akasema, kisha akagonga meza, ko! ko! ko! "Imepita."

Mlio huo ukamshtua Kiboko. "Eh! Nini? Tumefika kwenye bwawa langu?"

"Tumeshalipita, baba," akajibu Nguchiro, akivuta sinia lililobaki. "Na kwa kuwa wazee mmeshiba, sasa nami naomba nile."

Basi, wanangu, aliyetumwa kusema asiende kujaza kinywa.