Mkwe Nyuma ya Pazia

Wananchi, simameni! Vueni kofia, zimeni simu, kwa maana methali inayothibitishwa leo ni nzito kuliko Mlima Rungwe: mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Maana yake ni kwamba hata mtu anayeshindwa ana kitu chake ambacho hakinyang'anywi. Basi, kaeni. Mambo yenyewe yalitokea kwenye banda la kushona nguo.

Banda hilo lilikuwa kando ya barabara itokayo Tukuyu kwenda Kisondela, kwenye ardhi ya umma, pamoja na mabanda mengine. Wenyewe walikuwa wapangaji halali wa ofisi fulani, ambayo siitaji nisije nikafukuzwa na mimi. Ijumaa moja jioni, afisa wa ofisi hiyo, Bwana Ackson, alipita na kipaza sauti juu ya bodaboda: "Kesho asubuhi eneo liwe tupu! Yanajengwa maegesho ya malori ya parachichi!" Wapangaji walipomkimbilia wamuulize, alikwisha kutokomea kama moshi.

Prisca, fundi cherehani, alikuwa na sare za kwaya nzima, nyeupe pe, za kuvaliwa Jumapili. Nje mvua ilinyesha kama iliyoahidiwa posho.

"Sare hizi zikitupwa kwenye tope, nani ataniletea kitambaa tena?" aliwaambia wenzake. "Leteni mali zenu humu kwangu. Mimi sitoki mpaka nisikilizwe."

Asubuhi Bwana Ackson alifika na mgambo. Mkuu wao alikuwa Mzee Enosi, mtu wa miraba minne, aliyeogopwa hata na mbwa. Alishika pazia la mlango ili aingie, akasikia kikohozi cha ndani, akaruka nyuma kama aliyekanyaga siafu.

"Siingii," alisema, akageuza mgongo. "Humo yumo mke wa mwanangu."

"Si ndiyo vizuri, mzee? Mtoe!"

"Wewe mgeni, Bwana Ackson. Kwetu Wanyakyusa, baba na mke wa mwanawe hawatazamani usoni wala hawasemezani. Msikilize wewe, halafu uniambie."

Hivyo Bwana Ackson, ambaye jana hakuwa na muda wa kumsikiliza mtu, akawa mjumbe bila barua ya ajira.

"Mwambie baba shikamoo," Prisca alisema nyuma ya pazia.

"Anasema shikamoo."

"Marahaba. Anataka nini?"

"Mwambie ardhi ni ya umma, sibishi. Lakini tumetangaziwa jana jioni, leo tunatolewa. Hatukupewa notisi, hatukuitwa mkutanoni, hatukuonyeshwa pa kwenda. Tutendewe hayo, tutatoka kwa miguu yetu. Bila hayo, bomoeni nikiwa humu humu."

Bwana Ackson akamgeukia mzee. "Anasema... hatukupewa notisi."

"Ninyi nani?"

"Wao, mzee!"

"Sema yote. Usile maneno ya mkwe wangu."

Akayasema yote, kwa kinywa chake mwenyewe, mbele ya mgambo na watu waliojaa barabarani.

"Na ni kweli?" Mzee Enosi aliuliza.

"Hilo muulize mkweo."

"Nakuuliza wewe."

Bwana Ackson akaanza kuitafuta bodaboda yake kwa macho.

"Vijana," Mzee Enosi aliwaambia mgambo, "wekeni nyundo chini. Mkutano kwanza."

Mkutano ukafanyika. Prisca akasimama akasema, Bwana Ackson akaandika, maegesho yakafutwa, na wapangaji wakaishi palepale raha mustarehe.

Hapo ndipo nilipokamatwa. Nilimpa Prisca karatasi hii aisome wakati nasubiri anipunguzie suruali ya shule. Akainua macho.

"We kijana, mbona unaongopa? Si tulihama?"

Nakiri: walihama. Ofisi ilishinda, na malori ya parachichi yanalala pale hadi leo. Lakini walihama mvua zilipokwisha, kwa notisi, kwenda mabanda ya bati waliyoyakubali wenyewe mkutanoni. Prisca alibeba cherehani yake kichwani, kavu, na hakuna aliyemsukuma.

"Nilitaka ushindi wako unoge, dada," nilijitetea.

"Mimi sikuomba ushindi," alisema, akiikata nyuzi suruali yangu. "Niliomba kusikilizwa, nikasikilizwa."

Basi, mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni.