Nungunungu Aliyeongezewa Adhabu Akiwa Hayupo

Paukwa!

Pakawa.

Pakawa nini?

Pakawa mabaraza mawili, moja bondeni, moja kilimani. Sogeeni karibu na moto, na mwenye kukohoa akohoe sasa, maana katika ngano hii hata kikohozi kinahesabiwa.

Hapo zamani za kale, wanyama walipokosana walikwenda kwenye baraza la bondeni. Hakimu wa huko alikuwa Ngiri. Juu kilimani lilikuwako baraza kuu, na hakimu wake alikuwa Tembo. Tembo aliweza kuitisha kesi yoyote iliyokwisha bondeni akaipitia upya, aone kama Ngiri alihukumu sawasawa.

Kuandika kulikuwa bado hakujulikani. Karani alikuwa Kasuku. Alikaa tawini akasikiliza kila sauti, kisha akapanda kilimani kuitoa yote mbele ya Tembo, neno kwa neno, kikohozi kwa kikohozi.

Mwaka mmoja mvua zilichelewa. Njaa ikambana Nungunungu, akaingia katika shamba la Bi Fuko, akala viazi vitamu. Alikamatwa kiazi kikiwa bado mdomoni. Mbele ya Ngiri hakukana. Ngiri akamwambia amtake radhi mwenye shamba.

Nungunungu akapiga magoti mbele ya Bi Fuko, akainama mpaka pua ikagusa vumbi. Na nungunungu akiinama, miba yake hugongana: chakacha, chakacha, chakacha. Bi Fuko akaridhika. Ngiri akamhukumu Nungunungu alilime shamba lile msimu mzima. Kila mmoja akaenda zake, na Nungunungu akashika jembe.

Alikuwa amefika nusu ya shamba Kasuku alipotua kwenye mpini wa jembe lake. Akampa habari kwamba kesi yake imepitiwa upya kilimani na adhabu imeongezwa. Atang'olewa miba yote, kisha atavushwa ng'ambo ya mto.

Ng'ambo ya mto ndiko aliko Chui. Na kwa Chui, nungunungu asiye na miba ni kitoweo kilichokwisha kumenywa.

"Nani alinisemea huko?" Nungunungu akauliza.

"Mimi," akasema Kasuku. "Tena vizuri. Hata kikohozi chako nilikikohoa."

"Sasa Mkuu alichukia nini?"

"Hakimu alikuambia umtake radhi mwenye shamba. Wewe ukajibu: chakacha, chakacha, chakacha. Mkuu akasema anayetikisa silaha mbele ya mlalamikaji hastahili jembe."

"Nilikuwa nimepiga magoti."

"Magoti hayana sauti, ndugu yangu. Mimi nabeba sauti."

Nungunungu akapanda kilima. Langoni alimkuta Nyumbu, bawabu wa baraza kuu. Akamwomba aingie asikilizwe.

"Umeshasikilizwa," akasema Nyumbu.

"Lini?"

"Juzi."

"Juzi nilikuwa nalima viazi."

"Hilo si langu. Kesi yako imesikilizwa, na wewe ndani yake. Rudi nyumbani."

Akarudi. Kesho yake akapanda tena, Nyumbu akamwambia yaleyale. Akapanda mara ya tatu. Safari hii Nyumbu alimwambia asijifanye Nungunungu, kwa sababu Nungunungu mwenyewe amekwisha kusikilizwa na mambo yake yameisha.

Ikabaki siku moja tu miba ing'olewe. Nyani, aliyepewa kazi hiyo, alikuwa tayari anajifunga magome ya mti vidoleni.

Bi Fuko akaja shambani, akakuta jembe limelala na mlimaji ameketi kando yake. Alipoelezwa habari, alikasirika kuliko mhukumiwa.

"Viazi vilikuwa vyangu," akasema. "Radhi nimetakwa mimi. Na hili shamba lililolimwa nusu ni langu pia. Huyo wa kilimani ameniuliza nini? Nifuate."

Akaanza kuchimba, Nungunungu nyuma yake akipanua shimo. Wakachimba kupanda kilima, wakachimba chini ya kwato za Nyumbu, wakachimba mpaka katikati ya baraza kuu. Ardhi ikafumuka mbele ya Tembo. Ikatoka kwanza pua ya Bi Fuko, kisha ikatoka miba. Tembo akarudi nyuma.

Bi Fuko akasema amemleta mwenye kesi. Tembo akajibu kwamba kesi ile aliisikia yote kwa Kasuku, na Kasuku hajawahi kuacha sauti hata moja.

"Ni kweli, Mkuu, haachi," akasema Nungunungu. "Basi naomba atuambie ilivyokuwa hapa, siku Mkuu aliponihukumu."

Kasuku akanyoosha shingo. "Ang'olewe miba yote," akasema kwa sauti ya Tembo. Halafu akanguruma: nguuuru, nguuuru, nguuuru.

Baraza zima likamgeukia Tembo.

"Mtu wa mbali akisikia hivyo," akasema Nungunungu, "atadhani Mkuu alihukumu kwa hasira."

"Hasira gani?" akasema Tembo upesi. "Hilo lilikuwa tumbo. Asubuhi ile nilikula maboga mabichi."

"Tumeelewa, Mkuu. Tumeelewa kwa sababu upo, umejieleza."

Kisha akapiga magoti, akainama. Chakacha, chakacha, chakacha.

Tembo akamwambia arudie. Akarudia. Akamwambia arudie tena, na safari hii Tembo alifumba macho: akasikia silaha. Akafumbua macho: akaona magoti.

Tembo akaifuta nyongeza yote, ikabaki adhabu ya Ngiri. Akaweka sheria kwamba adhabu ya mtu haitaongezwa kilimani mpaka mwenyewe aitwe, asimame, ajieleze. Nyani akafungua magome vidoleni, na hakuna aliyefurahi kama yeye. Nungunungu alitaka kushukuru kwa maneno marefu, lakini Bi Fuko akamkatiza, akasema magugu yanaota.

Nyumbu naye akaamriwa amuulize kila afikaye kama amesikilizwa. Aliishika amri hiyo mno. Ndiyo maana mpaka leo nyumbu wakifika mtoni hurundikana ukingoni: wa mbele anawauliza wa nyuma.

Funzo ni hili: kabla hujamwongezea mtu adhabu, mwite, mtazame, umsikie yeye mwenyewe.

Ngano yangu imefika mlangoni. Aliyeipenda aingie nayo kwake. Asiyeipenda aniite kwanza nijieleze, kabla hajaitupa.