Senzighe, Aliyezamisha Wengine

Tulieni mnipe masikio, enyi wa Ighwe, wana wa maji. Katika zama zile babu zetu walipohesabu miaka kwa njaa na kwa mvua, reli ikiwa ingali mpya kule bondeni na watu wakishuka kwenda kulitazama garimoshi kama waendao harusini, aliishi Senzighe mwana wa Mrindoko, mwana wa Kaniki, wa ukoo wa wafua chuma. Mkunga aliyempokea alisema mtoto yule hakulia. Alimkamata kidole tu, na kidole kile hakikunyooka tena mpaka mkunga anazikwa.

Kengele ya kanisa la wamisionari ilipoteremshwa stesheni, wanaume wanane waliizunguka siku mbili wakibishana nani ashike wapi. Senzighe hakubishana. Alisuka ngata ya majani ya mgomba, akapiga goti, akajitwika, akapanda nayo mlima peke yake, na kila alipojikwaa kengele ililia, hata watu wa vilimani wakatoka nje wakidhani kanisa lenyewe linatembea. Tangu siku hiyo akaitwa Mbeba-Kengele. Walipomuuliza anataka nini kwa kazi ile, alisema, "Nifundisheni kusoma hicho Kitabu."

Basi akakaa na wanaojifunza, mtu mzima mwenye ndevu, akisukuma herufi moja moja kama asukumaye ng'ombe wagumu kuvuka mto. Na alipojua, alisoma habari za kanisa la mwanzo miaka minne, akirudia. Akaona watu wasio na mkubwa, wakiitana ndugu, wakimega mkate nyumba kwa nyumba, wakishuka majini na kuzama wazima wazima. Akatazama pale aliposimama, akaona kibakuli cha maji ya kunyunyiza na viti vya mbele vya wakubwa. Ndipo alipoanza kumwendea mchungaji kila Jumatatu na neno lake moja: "Nionyeshe penye Kitabu."

Mchungaji alikuwa mzee mpole. Akamwambia, "Senzighe mwanangu, kanisa si ghala, kwamba utarudi ukikute kila kitu pale kilipoachwa."

"Basi baba, mimi nakwenda kukitafuta," akajibu. Hakuchukua kitu. Watu wa nyumba kumi na mbili wakamfuata hadi huku juu, Ighwe, ambako siku hizo palikuwa pa nyani na ukungu.

Hapa akachimba ndiva, bwawa la kukusanya maji ya mfereji, kwa kuwa alitaka maji yatakayomfunika mtu. Aling'oa mwamba ambao mababu waliuacha kwa kuuogopa, akaubiringisha ukawa msingi wa ukuta. Upande wa chini akaacha tundu, akaliziba kwa jiwe na majani, ili maji yafunguliwe kwenda mashambani. Kajiru, mkazi wa chini ya ukuta, mtu wa maneno mengi, alikuwa akija kusimama na mkongojo wake.

"Mbeba-Kengele, ni kaburi la kiboko hilo?"

"Ni kaburi lako, ndugu Kajiru. Utazikwa humo ukiwa hai, na utatoka unacheka."

Na kweli alizikwa, akatoka anacheka. Wakazama wengi, mia na zaidi, wote kwa mkono wa Senzighe, yeye akisimama maji yakimfika kiunoni, akiwalaza na kuwainua kama mama anayeogesha. Mkewe Nangasu, mfinyanzi wa vyungu, alikuwa wa kwanza.

Ndipo akatoa hukumu mbili, nazo alizitamka amesimama juu ya ukuta: "Asiyezama asile mkate. Na mkono ambao haujazama usizamishe." Watu wakaitikia amina, maana ilikuwa hukumu iliyonyooka, tena tamu masikioni, wala hapakuwa na mtu aliyempima nayo yule aliyeitoa.

Jumapili ya meza ya kwanza ikafika. Walikuwa wamekubaliana desturi, kwamba kabla ya mkate kumegwa kila mmoja ataje nani alimzamisha, ili mgeni wa njiani asije akala kwa kujificha. Wakaanza upande wa mlango. "Mimi Kajiru, nilizamishwa na Senzighe." Wa pili vivyo hivyo, na wa tatu, jina moja likizunguka chumba kizima kama kata ya maji, hadi Nangasu akataja lake, na zamu ikamfikia yeye aliyeushika mkate.

Senzighe akafungua kinywa.

Nangasu akamgusa kwa kiwiko. "Baba Mbonea, ni zamu yako."

"Ebo!" akasema Kajiru. "Kengele imekosa ulimi leo!" Watu wakacheka, kisha kicheko kikafia mmoja mmoja, kwa kadiri kila mtu alivyoelewa. Senzighe mwenyewe alikuwa amenyunyizwa tu utotoni, kanisani kule kule alikotoka. Katika haraka ya kuwaingiza wengine mlangoni, hakuona kwamba mwenyewe amesimama nje.

Akauweka mkate chini polepole kama mtu anayelaza mtoto. Akatoka.

Walimfuata. Wengine walilia, wakisema kama mkono wake ulikuwa mkavu basi na wao ni wakavu. Akawaambia, "Ninyi mlizama kwa imani yenu, nami nilikuwa kama mfereji, mfereji hauulizwi kama umekunywa. Kuleni mkate. Aliyeikosea hukumu ni mmoja, na huyo ndiye atakayeibeba."

"Basi twende tukuzamishe sasa hivi," akasema Kajiru, safari hii bila mzaha.

"Mkono wako umeupata kwangu, ndugu. Nani aliyepata kuzaliwa na mwanawe?"

Akafunga kibuyu cha maji, akaondoka kumtafuta mtu mwenye mkono usio na shaka. Alikwenda miaka saba. Kila alipokuta watu wa maji mengi alifurahi, akawasalimu, akauliza: wewe ulizamishwa na nani? Na yeye je? Na huyo wa nyuma yake? Nao walitaja, wakataja, mpaka majina yakaisha, na mwisho wa majina alikuwapo siku zote mtu mmoja aliyesimama peke yake ukingoni, ambaye hakuna aliyejua habari zake. Senzighe akamshukuru kila mwenyeji, akaendelea mbele.

Aliporudi ndevu zilikuwa nyeupe. Nangasu alimwandalia makande, akala. Usiku walilala kitanda kimoja, na Jumapili asubuhi mke akaingia ndani na mume akakaa nje, juu ya ukuta wa ndiva, mgongo kwa nyumba ya ibada. Ikawa hivyo miaka kumi na miwili. Nyimbo zile alizitunga yeye, na alizisikia zikipita dirishani. Alijua kwa sauti ni lini mkate umefika kwa nani. Zamu ya mkewe ilipofika, alikuwa akisikia jina lake mwenyewe likitajwa, kisha zamu yake ikirukwa, kisha mwingine. Nangasu hakusahau kiwiko chake cha siku ile. Mara moja alijaribu kukaa nje naye. Senzighe akamtazama mpaka akainuka, akaingia ndani.

Kisha ikaja masika ambayo wazee waliiita Mvua ya Kisigino, kwa kuwa haikuinua mguu. Ilinyesha siku tisa. Jumapili ya siku ya tisa, watu wakiwa ndani wanaimba kwa nguvu ili kuishinda mvua, yeye peke yake, kwa kuwa alikuwa nje, aliuona ukuta ukitokwa jasho, kisha ukafunguka ufa mwembamba, mrefu kama mkono. Na chini ya ukuta kulikuwa na nyumba nane, na ndani yake wazazi wapya, wagonjwa, na Kajiru aliyekuwa hawezi tena kutembea.

Akapiga ukelele. Watu wakamiminika, wengine wakakimbilia zile nyumba za chini kubeba wagonjwa. Lakini mgonjwa habebwi kwa kufumba na kufumbua, na dawa ya ukuta ilikuwa moja: kuling'oa jiwe la tundu, lililokuwa chini ya maji yaliyopita urefu wa mtu, ili maji yashike mfereji. Jiwe hilo hakuna aliyeweza kulitikisa isipokuwa aliyeliweka.

Senzighe akavua shuka, akaingia. Hata hapo alisita, maji yakiwa kifuani na yakizidi kupanda. Maana kwa miaka yote hakuwahi kuingiza kichwa majini, asije mtu akasema amejizamisha mwenyewe kwa hila.

Nyuma yake akasikia maji yakigawanyika. Ni Nangasu, na nguo zake za ibada.

"Rudi, mama Mbonea."

"Sirudi." Akamshika mkono, mkono wenye udongo wa vyungu, akapaza sauti hata walio ukingoni wakasikia: "Senzighe mwana wa Mrindoko, kwa jina la Baba, na la Mwana, na la Roho Mtakatifu!" Na kabla mumewe hajasema nionyeshe penye Kitabu, akajitupa chini pamoja naye, wakazama wote wawili.

Jiwe liling'oka. Sauti yake ilisikika kama kengele iliyodondoka. Maji yakashika mfereji yakinguruma, ukuta ukasimama, nyumba nane zikabaki. Nangasu aliinuka, akitapika matope. Senzighe hakuinuka. Walitafuta kwenye mfereji wote hadi kwenye mashamba ya bondeni, siku nane, hawakuona hata unywele.

Kwa ajili hiyo huku Ighwe anayezamisha hasimami mkavu juu ya mwenzake. Hushikana mikono, wakazama pamoja, wakainuka pamoja. Na mezani hakuna atajaye jina la aliyemzamisha. Mgeni akija na njaa ya mkate, hupewa mkate.

Nangasu aliishi miaka mingi baada ya hapo. Watu wakabishana, kama watu wafanyavyo: aliyekufa vile, je, alizama au alizamishwa? Kajiru ndiye aliyethubutu kumwendea, akabebwa mgongoni mpaka kwenye tanuri la vyungu, akamuuliza, "Shemeji, tuambie basi tupumzike. Ulipolitaja lile jina, aliitikia?"

Nangasu aliendelea kusugua chungu chake. "Maji yalikuwa yamemfika kidevuni," akasema. "Mtu aliye hivyo hawezi kutikisa kichwa, wala kukubali wala kukataa."