Yihya Sonara na Siku ya Saba

Palikuwa na sultani, jina lake Badawi, asiyeweza kumwona mtu amekaa. Akimwona tu, mwili mzima unamuwasha. Aliamuru paka wote wa mji waamshwe mchana. Baraza za mitaani akazivunja. Mkewe, maskini, alilala kasimama, kaegemea kabati, ufagio mkononi uwe ushahidi. Mwenye ruhusa ya kukaa alikuwa yeye peke yake.

Sasa mji huo ulikuwa na sonara wa Kiyahudi, Yihya, mtu wa Yemeni, mfupi wa kimo, mrefu wa ulimi. Jumamosi nyundo haigusi. Moto hawashi. Mkewe Badra hupika Ijumaa, akakifunika chakula juu ya makaa, akawasha taa jua halijatua. Kisha basi! Wanasali, wanaimba, wanalala mchana hadi majirani wanasikia kukoroma. Habari zikafika kwa sultani, zingeacha kufika?

Akaitwa Ijumaa alasiri.

"Kesho utanitengenezea ala ya jambia," sultani akasema, huku anajikuna.

"Keshokutwa, Bwana wangu, hata alfajiri. Kesho ni Sabato."

"Ndiyo nini hiyo?"

"Mungu aliumba ulimwengu kwa siku sita, ya saba akapumzika. Nasi tumeamriwa tupumzike siku hiyo."

Sultani akacheka mpaka kilemba kikamkaa upande. Akawageukia mawaziri waliosimama tangu asubuhi. "Mmemsikia? Kesho ni Juma-mosi! Mosi! Umechokea nini wewe, na juma halijaanza?"

Mawaziri hoi kwa kicheko. Lakini ulimi wa Yihya, wapi! Haukutulia.

"Adamu aliumbwa Ijumaa, Bwana wangu. Kulipokucha, siku yake ya kwanza nzima duniani ilikuwa ya mapumziko. Yeye alichokea nini?"

"Wewe si Adamu!"

"Ni mjukuu wake."

"Hata mimi mjukuu wake!"

"Basi kesho tulale wote."

Sultani akajikuna mpaka damu. "Nyamaza! Nasema, na hawa mashahidi: utapumzika siku ya saba kwa hesabu ya mji huu. Siku nyingine yoyote ukiweka nyundo chini, utatoka mjini mwangu wewe na mkeo, na fuawe lako kichwani!"

Yihya akamkumbuka Badra, saa hiyo anakanda mkate wa Sabato. Wamekwisha kufukuzwa miji miwili. Waende wapi tena?

"Nimekubali, Bwana wangu. Ila mimi mgeni, hesabu yenu inanivuruga. Nihesabie."

"Mjinga mkubwa! Jumamosi, moja. Jumapili, mbili. Jumatatu, tatu. Jumanne, nne. Jumatano, tano. Alhamisi..." Akasita. "Kadhi! Alhamisi ni ya ngapi?"

Kadhi, aliyesimama kati ya mawaziri, akakohoa. "Kwa Kiarabu, Bwana... ni ya tano."

"Tano tena?"

"Tano tena."

"Na Ijumaa?"

"Ijumaa ni siku ya sala, Bwana. Haina namba."

Sultani akahesabu kwa vidole vya mikono, akavua viatu, akaongeza vya miguu. Tano ziko mbili. Sita hakuna. Saba hakuna. Akaruka kitini macho yamemtoka.

"Nimeibiwa! Siku yangu ya saba iko wapi?"

"Ninayo mimi, Bwana wangu," akasema Yihya. "Kila Jumamosi naikalia pale nyumbani isije ikapotea. Sasa unataka niinuke?"