Mkeka wa Kuazima wa Bwana Fumu

Paukwa!
— Pakawa!
Pakawa mji!
— Tuuone!
Mji wa sauti!
— Tuusikie!

Hapo kale, kale ambayo hata bibi yangu aliisikia kwa bibi yake, palikuwa na mji ukiitwa Mvumoni. Katika mji huo sauti haikufa. Ukisema neno, linanasa. Linanasa ukutani, linanasa darini, linanasa kwenye mkeka ulioukalia. Leo umepiga chafya, mwakani mgeni akiegemea ukuta anaisikia chafya yako. Msinicheke, ndivyo ilivyokuwa.

Watu wa Mvumoni waliisomea elimu hiyo tangu utotoni. Walijua kwamba chokaa kavu hushika sauti sana, kwamba maji ya majivu huiondoa, na kwamba mkeka ukihamishwa huondoka na maneno yake. Kwa hiyo posa zao hazikuwa na maswali mengi. Upande wa mume ulimtuma mtu mmoja tu, aje kusikiliza nyumba. Anaweka sikio ukutani, anaweka sikio mlangoni, anaweka sikio mkekani. Nyumba ikimpendeza, harusi ipo. Isipompendeza, anaaga na kwenda zake.

Basi palikuwa na binti anaitwa Mize, amependana na Shee mfinyanzi, kupendana kwa kweli, hata chakula hakishuki. Posa ikaletwa. Ikasemwa kwamba Ijumaa atakuja Bi Mwanamvua, shangazi yake Shee, mwenye sikio kali kuliko wote mjini. Mize akalia. Alilia kwa nini? Kwa sababu wazazi wake, Bwana Fumu na Bi Zaina, waligombana asubuhi, wakagombana mchana, wakagombana jioni. Waligombania chumvi, waligombania mto wa kulalia, waligombania hata jogoo wa watu. Kuta zao zilivuma kama mzinga wa nyuki.

Bwana Fumu akamwonea huruma mwanawe. Akamwambia anyamaze, baba yupo. Ijumaa asubuhi, mkewe alipokwenda kumtazama dada yake, yeye akakoroga maji ya majivu, akasugua kuta, akasugua dari, akasugua milango. Nyumba ikawa kimya kabisa. Hapo tena akaingiwa na wasiwasi, maana nyumba iliyo kimya hudhaniwa inaficha jambo. Akaenda kwa jirani yake Makame, ambaye yeye na mkewe kazi yao kubembelezana, akaazima mkeka wao na kuutandika ukumbini. Mnamwona alivyo mjanja? Subirini.

Jioni Bi Mwanamvua akaja, Bi Zaina naye ndiyo kwanza amerudi. Akaweka sikio ukutani, kimya. Akaweka mlangoni, kimya. Akapiga magoti, akaweka mkekani. Mkeka ukatoa sauti laini ya mwanamke, ukumbi mzima ukaisikia: "Makame wangu, njoo ukae hapa karibu yangu."

Bi Mwanamvua akainua uso. Akamtazama Bwana Fumu, akamtazama Bi Zaina. Akauliza kwa upole, "Makame ni nani katika nyumba hii?"

Jamani! Bi Zaina hakuwa na habari ya mkeka, lakini sauti ya mke wa jirani aliijua. Akashika kiuno.

"Baba Mize, umekwenda kuazima maneno matamu kwa watu? Yangu yana nini?"

"Yako yangemkimbiza mgeni kabla hajavuka kizingiti."

Ugomvi ukawaka. Huyu kasema, yule kajibu, na kuta zilizosuguliwa zikadaka kila neno. Mize akajifunika uso kwa kanga. Aliona Shee ndiyo kamkosa.

Kisha Bi Zaina akamtazama mumewe vizuri. "Na hayo majivu masikioni umeyaazima kwa nani?"

Bwana Fumu akajigusa sikio, majivu yakamwagika begani. Akaanza yeye kucheka. Mkewe akafuata. Wakacheka mpaka wakashikana wasianguke, na Bi Zaina akampangusa masikio kwa ncha ya kanga yake.

Walipokumbuka kuwa wana mgeni, Bwana Fumu akaona aibu, akakimbilia ndoo ya maji ya majivu. Bi Mwanamvua akamshika mkono.

"Ukuta huo usiuguse, mkwe wangu. Nimesikiliza nyumba nyingi. Nasikia ugomvi unavyoanza, kisha nasikia mlango unabamizwa, basi. Hapa leo nimesikia unavyokwisha. Shee wetu mkaidi, na binti yenu sidhani kama ni bubu. Siku ya harusi nataka wote wawili waegemee hapo."

Hadithi yangu imefika mlangoni. Ikiwa tamu, nendeni nayo. Ikiwa chungu, niachieni mwenyewe nilale nayo.