Kirikuu Kisicho na Namba

Tak, tak, tak. Kimya. Tak. Mlio ulitangulia kabla gari halijaonekana. Ulitoka nyuma ya ukuta wa mabati, ukapenya kelele za nyundo na mashine za kuchomelea za mtaa wa Gerezani, ukamfikia Severine aliyekuwa amelala chali chini ya lori. Hakuinua hata kichwa.

"Hiyo Suzuki," alisema. "Plagi ya tatu imekufa. Mwambieni dereva asizime, akizima haiwaki tena."

Dereva alichomoza langoni na kirikuu chake, kigari kidogo cha mizigo, akazima kabla hajaambiwa. Alipojaribu kuwasha, injini ilikohoa kama mzee mwenye pumu, ikanyamaza. Mafundi walipiga makofi. Bryson, fundi wa breki, akasema kwa sauti, "Huyu si mtu jamani, huyu ni kipimo! Siku akifa tumfungie sikio lake kwenye kabati."

Severine alicheka, lakini sifa zile zilimwingia kama maji kwenye mchanga. Gereji nzima iliamini kwamba hakuna jambo la gari asilolijua. Ubaya ni kwamba na yeye alitaka iwe hivyo, au angalau ionekane hivyo. Wahenga waliposema mficha uchi hazai hawakumlenga mzazi peke yake. Walimlenga kila mwenye upungufu anayeufunika gubigubi mbele ya yule yule awezaye kumsaidia. Upungufu wa Severine ulikuwa mdogo kama kijiwe kiatuni. Alisoma Kiswahili kama anayekunywa maji, ila Kiingereza kilimshinda tangu darasa la saba. Hakuna aliyemcheka kwa hilo, kwa sababu hakuna aliyeambiwa. Kila karatasi ya Kiingereza ilipofika gereji, aliipokea kwa majigambo yake ya vina:

"Karatasi haina breki wala gia, injini ndiyo husema, mwenye sikio husikia!"

Watu wakacheka, karatasi ikawekwa kando, siku ikapita.

Severine alikuwa na dada yake, Paskalina, aliyemtangulia kuzaliwa kwa miaka kumi. Ndiye aliyemtoa kijijini Ndanda akiwa mtoto baada ya mama yao kufariki, akamlea kwa sufuria ya wali pembezoni mwa soko la Kariakoo, na spana zake za kwanza alimnunulia kwa faida ya maharage. Sasa goti la kulia la Paskalina lilikuwa limevimba. Daktari alimwambia waziwazi kwamba akiendelea kusimama jikoni kutwa nzima, mguu huo utamlaza kabisa. Paskalina alifikiri wiki mbili, kisha akauza shamba la mikorosho aliloachiwa na mama yao. Alitaka kununua kirikuu, amweke dereva wa kubeba mizigo ya wafanyabiashara, naye akae chini apumzike.

"Mdogo wangu," alimwambia Severine, "gari mimi silijui. Najua tu lina magurudumu manne na honi. Wewe ndiye jicho langu."

"Dada, ondoa shaka. Nani atanidanganya mimi kwenye gari?"

Walikwenda yadi ya magari siku ya Jumanne, wao wawili na Bryson. Mwenye yadi, Bwana Khalfani, alikuwa mtu mpole asiye na maneno mengi. Severine alizunguka kirikuu cheupe kilichoshushwa melini mwezi huo, akakiwasha, akafumba macho na kusikiliza. Injini ilinong'ona kama mtoto aliyeshiba.

"Hiki ndicho," alisema. "Dada, hiki kitakuzika."

"Mungu apishe mbali!" Paskalina alijibu huku akicheka. "Kinizike nimekufa na nini? Kinilishe kwanza."

Ofisini Bwana Khalfani alitoa mkataba wa kurasa nne, wote Kiingereza. Akausogeza mezani. "Mambo ya ushuru na usajili yako ukurasa wa tatu. Fundi, umeyaelewa au nikufafanulie?"

Severine alitazama ukurasa wa tatu. Herufi zilijipanga mbele yake kama askari wasiomjua. Maishani mwake alikuwa ametengeneza mamia ya magari yaliyokwisha kuwa na namba, lakini hakuwahi kununua hata moja. Alidhani bei ya yadi ni kama bei ya sufuria dukani: ukilipa, umebeba. Neno 'nifafanulie' lilimfika kooni. Akamwona Bryson amesimama mlangoni, akamwona dada yake anamtazama kwa fahari, akalimeza.

"Bwana Khalfani, unanifundisha magari mimi? Nimezaliwa gereji."

"Basi vizuri," alisema Khalfani, akampa Paskalina kalamu.

Paskalina alilipa fedha za shamba, akatia sahihi taratibu, herufi baada ya herufi, kama anayepanda mbegu.

Siku ya tatu Severine alikwenda peke yake kuchukua gari na namba zake. Karani wa yadi alimtazama kwa mshangao. "Namba za nini, kaka? Mlicholipia ni gari tu. Ushuru bado, usajili bado. Vikishalipwa ndipo kadi itoke kwa jina la dada yako na namba zifungwe. Bila hivyo halitoki hata mita moja." Akamwandikia jumla ya kilichobaki. Kilikuwa karibu sawa na kile walichokwisha kulipa.

Severine alihisi ardhi inamponyoka. Palepale angeweza kuuliza, "Sasa tufanyeje? Mkataba unasemaje?" Swali dogo, la pumzi moja. Badala yake aliitikia kwa kichwa kama mtu aliyelijua hilo siku zote, akaaga, akatoka. Jioni Paskalina alimuuliza mlangoni, "Kimekuja?"

"Namba zinachapishwa, dada. Foleni ni ndefu."

Uongo ni kama kidonda. Ukiufunika bila kuutibu, unaota usaha. Severine alianza kufanya kazi za watu wawili. Alikopa hapa, akaomba pale, akauza redio na baiskeli, na kila alichopata kilikuwa tone baharini. Ule mkataba aliukunja akautia chini ya sanduku la vifaa vyake.

Siku ya kumi, mkataba ulimponyoka alipokuwa akitafuta bisibisi. Aliyeuokota alikuwa Shadya, binti mwenye duka la kutoa kopi na kujaza fomu jirani na gereji. Alikuwa amewaletea mafundi risiti zao.

"Kaka Severine, shikamoo. Huu si mkataba wa gari? Nikusomee? Mimi haya ndiyo mkate wangu, kila siku nawasomea watu."

Mafundi waligeuka. Bryson aliacha kugonga. Severine alihisi macho yote yanamvua nguo. Akaupokonya ule mkataba.

"Nisomewe mimi? Wewe umezijua gari lini? Nenda kawauzie watoto daftari."

Shadya alirudi nyuma hatua moja. "Sawa, kaka. Samahani." Aliondoka ameinamisha kichwa, na safari hii hakuna fundi aliyecheka.

Paskalina naye aliendelea kupika huku akihesabu siku. Wateja wake aliwaambia, "Mtanikosa, jamani. Mwezi ujao naitwa bosi." Dereva alikwisha kumpata. Hata kitambaa cha kufutia vioo alikuwa amenunua, chekundu, akakikunja vizuri ndani ya begi lake.

Mwezi ulipopita na wiki moja juu yake, alishindwa kungoja. Asubuhi moja alimwachia msichana jikoni, akajikokota kwa mguu wake mbovu hadi yadi, akipumzika kila baada ya nguzo tatu. Hakumwambia mdogo wake. Alitaka akione tu, basi, akiguse kidogo, arudi.

Alikikuta langoni kinatoka. Kilikuwa kimefungwa namba mpya zinazong'aa, na kinaendeshwa na mwanamume asiyemjua. Paskalina aliinua mkono kukisimamisha. Yule mwanamume alidhani anasalimiwa, akapiga honi kwa furaha, akapita zake.

Severine alipigiwa simu na dada yake, akakimbia hadi yadi. Alimkuta dada yake ameketi kwenye benchi la yadi, kitambaa chekundu mapajani. Bwana Khalfani alikuwa amesimama kando yake, ameshika nakala ya mkataba, uso umemwiva.

"Fundi, nilikuuliza. Siku thelathini zimepita, hamkulipia ushuru wala hamkuja kusema. Karani amekupigia mara ngapi, hupokei? Mkataba unaniruhusu kuliuza na kuwarudishia nusu. Nusu yenu hii hapa."

Severine alizipokea zile fedha. Alimshika dada yake mkono wakarudi. Walipofika karibu na gereji, ni Paskalina aliyeingia duka la Shadya, akamwomba awasomee mkataba. Severine alikwenda kuutoa chini ya sanduku. Ulikuwa umelowa oili pembeni, lakini herufi zilisomeka.

Shadya alisoma polepole, akitafsiri mstari kwa mstari. Bei ni ya gari peke yake. Ushuru na usajili ni juu ya mnunuzi. Alipofika katikati ya ukurasa wa tatu alinyamaza, akarudia kusoma kimoyomoyo.

"Sema tu, mwanangu," alisema Paskalina.

"Mama… hapa pameandikwa kwamba mnunuzi akiona hawezi gharama hizo, ana siku kumi na nne za kuvunja mkataba. Anarudishiwa fedha zake zote. Zote, bila kukatwa." Akamtazama Severine, macho yakaanza kulengwa na machozi. "Kaka, siku ile niliyotaka kukusomea ilikuwa ya ngapi?"

"Ya kumi," alijibu Severine. Sauti yake haikusikika vizuri.

Nje mtu aligonga chuma mara mbili, akaacha.

"Sijui Kiingereza, dada," alisema Severine hatimaye. "Sikuelewa hata neno moja. Sio siku ile, sio siku yoyote. Niliona aibu."

Paskalina alimgeukia. Hakukuwa na hasira usoni mwake, na hilo ndilo lililomuumiza Severine kuliko tusi lolote.

"Aibu kwangu mimi, Seve? Mimi niliyekuogesha? Una uchi gani ambao mimi sijauona?" Akashusha pumzi. "Ungeniambia tu. Tungekuwa wajinga wawili, tukatafuta mwenye akili wa tatu. Tungekuwa na mikorosho ya mama mfukoni bado." Aliinuka kwa kushika ukingo wa meza. "Haya. Wali utaungua."

Nusu iliyorudishwa haikutosha kununua gari, na shamba halikurudi. Mnunuzi wake alikuwa amekwisha kukata mikorosho yote mizee. Kesho yake mchana Paskalina alikuwa amesimama tena mbele ya moto, uzito wote umeegemea mguu wa kushoto. Mafundi walikuja kula kama kawaida. Bryson alijaribu utani, "Bosi, kumbe bado upo?" Paskalina akatabasamu kwa taabu, akampakulia.

Severine alikuja wa mwisho, na Shadya nyuma yake. Hakuketi. Alisimama mbele ya wote waliozoea kumpigia makofi, akavua kofia yake.

"Jamani, nisikilizeni. Dada yangu hakutapeliwa na mtu. Gari lake nimelipoteza mimi. Sikujua kusoma mkataba, nikaficha. Shadya alitaka kunisaidia, nikamtukana. Shadya, mdogo wangu, nisamehe."

Vijiko vilisimama. Hakuna aliyecheka. Bryson aliinamisha uso kwenye sahani yake. Severine alimgeukia Paskalina, akauchukua mwiko mkononi mwake, akamsogezea kigoda.

"Kaa, dada. Mchana huu napakua mimi. Na mbele ya hawa wote nakuahidi: kuanzia leo, nisichokijua nitakisema kwa mdomo wangu mwenyewe, nitauliza hata kwa mtoto, na sitapumzika mpaka goti lako lipumzike, kwa maana nimeona kwa macho yangu, dada, kwamba mficha uchi hazai."