Ijumaa ya Viatu Vitupu

Zama zile, kabla bendera ya mtu yeyote haijachomekwa katika mchanga wetu, Nanguli ilipokuwa tanuri tatu za chokaa na kisima kimoja cha maji ya chumvichumvi, alizaliwa Mfaume, mwana wa Chande mchoma chokaa, mwana wa Likotwe mkata mikoko. Mfaume Koo la Radi, ambaye kilio chake cha kwanza kiliwarusha kunguru wote wa mji, wasirudi kwa siku tatu.

Huyu ndiye aliyeujenga msikiti. Wapo wanaoapa kwamba alibeba boriti arobaini kwa bega moja. Boriti zenyewe zilikuwa kumi na mbili, na anayeona kumi na mbili ni chache na ajaribu moja. Akapandisha kuba tatu za matumbawe, akazikandika kwa chokaa ya baba yake, na siku ya kuzimaliza akasimama kiblani akaadhini, sauti ikazunguka kubani ikarudi kama ya watu mia. Watu wakashangilia. Mama yake, Mwanaiki, aliyekuwa nje na mtungi wa maji, hakushangilia.

“Mfaume, mwanangu,” akasema, “nyumba hii inajibu. Siku utakayoitikiwa na sauti yako peke yako, hutatoka.”

Hakuna aliyeuliza maana yake. Maneno ya namna hiyo watu huyasikia, kisha wakaendelea kula ubwabwa.

Ikapita miaka kumi na minane, Wadachi wakaja wakajenga boma kilimani, na mkuu wao, ambaye jina lake lilitushinda tukamwita Bwana Mguuchuma kwa mabuti yake, akaamuru Nanguli nzima ikalime pamba yake chini ya kiboko. Mfaume alimwendea, akasimama mbele yake miguu mitupu, akasema mara moja tu: “Pamba yako hatulimi.” Bwana Mguuchuma hakukasirika. Alitabasamu, akamshukuru kwa kuja. Na hapo ndipo wenye akili walipoanza kuogopa.

Asubuhi ya Ijumaa iliyofuata, kunguru walikuwa wametua juu ya kuba, wamejipanga, wala hawalii. Binti Nasoro, mpishi wa bomani, akaingia uani kwa Mwanaiki bila kupiga hodi.

“Shangazi, leo usibandike chungu. Wameshapaka kamba mafuta.”

“Kamba ngapi?”

“Nimeacha kuhesabu. Wanaume watakamatwa wakitoka msikitini, hawana silaha wala viatu. Kisha nyumba zitachomwa, na aliyemo na awemo.”

Mfaume alipoitwa alisikiliza, akayatazama maji yakipwa, akatoa amri. Wanawake wachukue watoto na vikapu, washuke ufukoni kama waendao kuokota chaza, na wasirudi. Wanaume waje kuswali kama Ijumaa zote: wavue viatu mlangoni, waingie, watokee kijimlango cha birika la udhu huko nyuma, wavuke mkondo wa mikoko kabla maji hayajajaa.

“Bila viatu?” akauliza Mzee Mtutuma. “Na mizizi ile?”

“Magaga yako, Mzee, hata msumari unayaogopa,” mtu akamjibu, na kicheko kikazuka, kikafa upesi.

“Viatu vyenu ndivyo vitakavyobaki kuswali,” akasema Mfaume. “Nami nitaviswalisha.”

Mwanaiki akamshika mkono mwanawe. Hakumkumbusha neno lake, alijua hajalisahau. Akajitwika kikapu akaondoka.

Adhuhuri askari wakauzingira msikiti mbele na ubavuni, kwani nyuma kulikuwa na tope la mikoko, na mabuti hayapatani na tope. Shaushi wao, yaani sajini, naye Mwislamu, akaviangalia viatu vilivyojaa mlangoni.

“Bwana mkubwa, wamo wote. Hakuna mtu anayetoka msikitini akaacha viatu vyake.”

“Basi tungoje,” akasema Bwana Mguuchuma. “Watatoka wenyewe.”

Ndani, Mfaume akamaliza Alhamdu, akajiitikia “Amin”, kuba zikaigeuza watu mia. Kisha akaingia sura ya Baqara, ndefu kuliko zote, asiruke aya hata moja. Jua likawachoma askari mpaka utosini.

“Imamu wa leo hana huruma,” mmoja akanong'ona.

Maji yalipojaa yakaufunga mkondo nyuma ya mtu wa mwisho, Mfaume akatoa salamu, kulia na kushoto. Hakutoka mtu.

Bwana Mguuchuma akaingia na mabuti yake. Akakuta mikeka mitupu na mtu mmoja aliyempa mgongo, ameinua mikono ya dua. Akafyatua risasi. Shaushi, aliyebaki kizingitini, alisimulia uzeeni kwamba mtu yule alisema neno moja, “Amin”, na kuba zikaitikia, zikazidi kuitikia, hata zikapasuka zikaanguka zote tatu. Mfaume hakupatikana, hata kidole. Mabuti yalipatikana.

Watu wetu walirudi baada ya masika mawili, wakaukuta ukuta wa kibla umesimama na matundu ya risasi, wakauezekea makuti. Tangu hapo mtu wa Nanguli haendi Ijumaa na viatu. Hutoka kwake miguu mitupu, awe mchuuzi, awe mbunge. Na waumini wakishasema amin hunyamaza kidogo, na sauti moja huitikia, nzito, nyuma ya zote.

Wataalamu wamekuja na vipimo vyao, wakatueleza kwamba ule ni mwangwi wa kuba. Tukawapa chai. Kuba zilianguka siku ile ile.